Nani Anashika Brashi?

Habari ilinikuta Same nikinywa chai: yule mzee wa filamu bubu amefariki dunia kwao Suji. Alikuwa na filamu moja tu, fupi, ya enzi za mababu, na miaka nenda rudi alizunguka nayo kutoka Bombo hadi Maore akiisemea yeye mwenyewe, kwa Kiswahili bondeni na kwa Chasu milimani. Wengi tulimcheka. Mtu mzima anapandisha mashine ya sinema mlimani kwa ajili ya dakika kumi!

Filamu yenyewe ni ya mtu aliyeajiriwa kupiga milango rangi nyeupe, akanogewa, akashindwa kuacha. Anatoka milangoni, anahamia kutani, kwenye mti, kwa mbuzi, mwisho anajipaka mwenyewe na kuketi, hoi. Mimi nilipoiona Same mbavu ziliniuma kwa kicheko. Siku nilipomsindikiza Suji, ndani ya ukumbi uliozibwa madirisha kwa mablanketi, hakucheka mtu. Mama mmoja alisimama akauliza, “Sasa huyu baba wenzake wako wapi? Mbona hawajaitwa msaragambo?” Upareni kazi kubwa hupigiwa baragumu watu wote watoke, na anayehangaika nayo peke yake huonewa huruma. Mzee alifurahi kupita kiasi. Tangu hapo, kila alipomaliza aliuliza, “Haya jamani, nani anashika brashi?” Ukumbi mzima ukaitikia, “Mimi!”

Mara ya mwisho nilipompa shikamoo, aliitika marahaba kisha akaigonga ile mashine kwa kidole. “Mwandishi, nikiondoka mimi hiki kitabaki chuma tu. Nani atakisemea?” Nikamtajia vijana na simu zao. Akaguna, na nikaona aibu, maana hilo halikuwa jibu.

Baada ya maziko binti yake aliiwasha mashine ukumbini ili tuitazame filamu kimya, kwa heshima. Mlango wa kwanza haujakauka, bibi mmoja akaanza kuisemea. Mwingine akadakia, nyuma wakapokea, na hata mbuzi akapata sauti yake ileile aliyopewa na mzee. Nililia, na nilikuwa na furaha. Miaka yote nilimhesabu kuwa mtu mmoja na ukichaa wake, kumbe alikuwa akipiga baragumu. Siku hizi nikiona mtu kang’ang’ania kazi isiyoeleweka, kwanza nauliza anamwita nani, ndipo nicheke.

Mpiga rangi alipoketi, ikafika zamu ya swali la mzee. Swali halikuwa na mwenyewe. Nikasimama mimi niliyewahi kucheka, nikauliza, “Haya jamani, nani anashika brashi?”

Wakaitikia wote, nami nikaitikia pamoja nao.