Mguu Ulionyooka Kupita Kiasi

Binti yangu alizaliwa na goti la kulia limekunjika kwa mbele, vidole vya mguu vimeelekea kifuani. Mkunga alimfunika haraka, kisha akaniuliza kama kwetu kuna mtu wa namna hiyo. Sikumbuki nilimjibu nini. Nakumbuka nilitamani kumzaba kibao.

Asubuhi alikuja daktari wa mifupa, mwanamke mdogo kwangu kwa umri. Alimpapasa mtoto nyonga, akaushika mguu taratibu, akaagiza picha. Baadaye akanichorea kwa kidole juu ya shuka: mfupa wa muundi umetoka mahali pake na kupanda mbele ya mfupa wa paja, na msuli wa paja ni mfupi, unauvuta. Alisema si laana, wala si kitu nilichokula. Kichanga viungo vyake bado laini, kwa hiyo tutalikunja goti kidogo kidogo na kulifunga hogo, ile plasta ngumu ya waliovunjika. Kila wiki tutafungua, tutakunja zaidi, tutafunga tena. Likigoma, ni kisu, na goti lililopita kwenye kisu huenda lisikunjike sawasawa maisha yote.

Tunaishi Kariakoo, chumba na sebule nyuma ya duka letu la vyombo. Mama mkwe alitoka Lindi kuja kunilea uzazi, na nilimpokea kwa furaha. Alinikanda kwa maji ya moto, akanipikia uji wa pilipili manga, akawafukuza majirani waliokuja kuchungulia mguu. Amelea watoto wote wa ukoo wa mume wangu, na kila mmoja alimkanda kwa mafuta ya nazi na kumnyoosha viungo baada ya kumwogesha, ili asikue kombo. Kwake, mtoto asiyenyooshwa ni mtoto aliyetupwa.

Hogo lilifanya kazi. Goti likaanza kukubali, mfupa ukarudi, na daktari akatutengenezea hogo la nusu, linalofungwa kwa bandeji, ili tuweze kumwogesha mtoto. Kuoga tu, alisema, kisha mguu urudi umekunjwa vilevile. Nilimweleza mama mkwe, akaitikia. Kumwogesha ilikuwa kazi yake, nami saa hiyo nilikuwa nalala, hoi, wasukuma mikokoteni wakigombania njia chini ya dirisha.

Tuliporudi kliniki, daktari alifungua bandeji, akaukagua mguu. Akauliza ni nani anaunyoosha ule mguu.

"Mimi," mama mkwe akasema, na alikuwa anatabasamu. "Kila siku. Si unaona ulivyonyooka vizuri?"

Mfupa ulikuwa umetoka tena. Daktari alijaribu kuanza upya, goti likagoma. Pale kwenye korido nilimtolea mama mkwe maneno ambayo mkwe hatamki, na sijutii hata moja. Mume wangu aliniambia mama ni mama. Nikamwambia na mimi ni mama.

Binti yangu alipasuliwa kabla hajajua kutembea. Waliurefusha msuli, wakaurudisha mfupa, nami nikafundishwa kulikunja goti kila siku, mtoto amelazwa mkekani, lisigande. Linauma. Alipoanza kuongea, alijua kuniita mbaya. Alikuwa akiniona natandika mkeka, anachechemea mbio kwa bibi yake na kujificha kwenye kanga zake. Mimi niliyemtibu ndimi aliyeniogopa. Aliyemharibia mguu ndiye aliyekuwa kimbilio lake. Hilo liliniuma kuliko kisu chenyewe, na kwa muda mrefu nilimchukia yule mama kwa sababu hiyo tu.

Kisha siku moja mama mkwe hakumficha. Alimbeba, akamlaza mkekani mbele yangu, akamshika mabega.

"Mkunje, mwanangu," aliniambia. "Nimemshika."

Mtoto alimwangalia bibi yake usoni muda mrefu, akafunga mdomo. Nilikunja. Hakulia.

Goti sasa linakunjika kiasi cha kukalia kiti. Kukaa chini bado. Siku hizi nikitandika mkeka hakimbii. Anakuja mwenyewe, analala chali, anageuzia uso ukutani, anasubiri nimalize.