Nyama Nyuma ya Nyumba

Nilikesha nikijiuliza: nikipika nguruwe humu, mama mwenye nyumba, Muislamu anayeniita mwanangu, atanionaje? Chumba changu hapa Mkuza kilikuwa kinanukia ndimu na tangawizi niliyoipaka nyama.

Harufu hiyohiyo niliijua utotoni Kisarawe, nyuma ya nyumba yetu. Siku moja mama yangu alikuwa akichemsha nguruwe taratibu, katika sufuria lisilopikiwa kitu kingine, hadi mchuzi ukawa mzito. Jirani yetu, naye Muislamu, akapaza sauti: "Shoga, harufu ya huyo mdudu wako imevuka ua!" Mama alicheka, akahamisha jiko haraka. Jioni jirani hakuja kunisuka nywele kama kawaida yake. Kesho yake pia hakuja.

Kulipokucha nilimbishia hodi mama mwenye nyumba.

"Shikamoo mama. Nina nyama ya nguruwe ndani. Nikaipikie wapi?"