Fulana Iliyozikwa

Kwa miaka minne kibao cha duka la vioo kilisomeka VIOO NA FRE. Herufi nyekundu, zimenyooka, kisha ghafla ubao mtupu. Mwenye duka alikataa katakata kumpa mtu mwingine kazi ya kumalizia. "Aliyeanza yupo njiani," alikuwa akisema. Hata baada ya mazishi hakutafuta mchoraji mwingine, ila maneno yale hakuyasema tena.

Kimya alichokiacha mtu huyo kilikuwa pale juu, mahali ngazi ilipokuwa ikiegemea. Rula alikuwa mchora vibao, na mdomo alikuwa nao. Akiwa juu ya ngazi alimsalimia kila apitaye, akamwambia mwenye viatu vipya kwamba vinambana na ajikaze tu, akamwuliza mwenye haraka anadaiwa na nani. Walimwita Rula kwa sababu hakuwahi kuishika. Jicho lake lilinyoosha mstari kuliko chuma. Alipoitwa jeshini pamoja na askari wengine wa akiba, aliacha brashi zake ndani ya kopo la mafuta ya taa ili zisikauke. Mafuta yakakauka kwanza.

Mkewe alikuwa fundi cherehani. Wateja walimwita Fundi, na Rula naye alimwita hivyo hivyo, kwa utani ulioanza siku za uchumba na ukasahau kuisha. Walikuwa na vyumba vitatu: cha mbele cherehani na meza ya kukatia, cha kati wao na binti yao mdogo, cha nyuma mama yake Rula.

Mwaka wa kwanza wa vita ulipokaribia kwisha, watu wawili wa jeshi walileta jeneza lililopigwa misumari. Ofisa alimwambia Fundi kwa upole kwamba hakuna uso wa kutazama. Akatoa kwenye mfuko wa plastiki fulana ya kijani iliyokatwa kwa mkasi kifuani, akamwomba aiangalie. Fundi hakutazama madoa. Aliigeuza ndani nje, kama anavyogeuza kila nguo inayoletwa kwake. Chini ya kwapa la kulia palikuwa na mshono wa mkono, mbili kwenda, moja kurudi, jinsi alivyofundishwa na shangazi yake, na jinsi ambavyo hakuna fundi mwingine mjini aliyeshona.

"Unaitambua?" ofisa aliuliza.

"Huu ni mkono wangu."

Ofisa akaandika, Fundi akatia sahihi. Kwa maneno manne yale mume wake akawa amekufa.

Mama yake Rula alidumu miezi saba. Hakuugua ugonjwa wenye jina. Alipunguza kula, akapunguza kusema, akapunguza kutoka nje, mpaka hapakubaki kitu cha kupunguza. Walimzika ubavuni mwa kaburi la mwanawe.

Rula alirudi Jumanne, saa nne asubuhi. Fundi alikuwa akipachika kola ya sare ya shule, pini nne mdomoni. Kivuli kikaziba mlango.

"Naweza kuingia?"

"Karibu, kaa hapo kwenye benchi," alisema huku amebana meno, bila kuinua macho. "Namalizia kola."

Mtu yule akakaa, mikono juu ya magoti. Hakukohoa, hakuuliza bei, hakusema ana haraka. Fundi alipokata uzi na kuinua kichwa, aliona mashavu yaliyobonyea, nywele nyeupe juu ya masikio, na katikati ya sura ile ngeni macho ya mume wake. Hakupiga kelele. Alitema pini kiganjani, moja moja, zote nne.

"Mama yuko wapi?" Rula aliuliza.

Rula akatazama mlango wa chumba cha nyuma, ambacho sasa kilijaa marobota ya vitambaa, akaelewa.

Binti yao aliporudi kutoka shule alisimama mbali, mkoba begani. Alikuwa na miaka saba. "Baba yangu yuko ardhini," alisema. "Wewe umetokaje?"

"Nimepewa ruhusa," Rula alimjibu.

Alikuwa mateka ng'ambo ya mpaka muda wote ule, na alirudishwa pale mateka walipobadilishwa. Mtaa ulimpokea kwa vifijo. Mwenye duka la vioo alimkumbatia nusura amvunje. "Nilisoma hotuba kwenye mazishi yako, mshenzi wewe! Nikasema ulikuwa mtu mpole, mwenye maneno machache. Uongo wote ule nitaupeleka wapi?"

Rula akacheka. Fundi, aliyekuwa mlangoni, alikisikiliza kicheko kile. Mume wake alikuwa mtu wa kucheka kwa kishindo mpaka ngazi inatikisika. Hiki kilikuwa kicheko cha puani, kifupi, mara tatu.

Wiki iliyofuata walikwenda ofisi ya usajili. Karani alitafuta, akakuna kichwa.

"Kaka, humu ndani wewe ni marehemu."

"Basi niondoe."

"Marehemu hajazi fomu. Hapo ndipo shida ilipo." Aliona utani wake haukuchekwa, akashusha sauti. "Shemeji ndiye aliyetambua maiti, kwa hiyo afute kauli yake. Na wewe useme nani alikuwa amevaa fulana yako, ili kaburi lifunguliwe na ndugu zake wapate habari. Bila hivyo hakuna kitambulisho, hakuna kazi, hakuna matibabu. Na shemeji, samahani, kisheria ni mjane anayekaa na mwanamume."

"Simjui aliyeivaa," alisema Rula. Alijibu haraka mno. Fundi, aliyekuwa akimjua tangu hajaota ndevu, aligeuka akamtazama, naye Rula akatazama dirisha.

Kuanzia hapo kila siku baada ya chakula cha mchana alikwenda makaburini. Siku moja Fundi akamfuata. Alimkuta amechuchumaa mbele ya ubao wenye jina lake.

"Nani kaandika hii? Herufi zimelewa."

"Yule wa barabara ya stendi."

"Ningejua ni yeye, nisingekufa."

Fundi alicheka, cheko la kwanza tangu siku ya kola. Lakini Rula alikuwa tayari amejilaza chali kando ya kaburi, visigino sawa na mwisho wa tuta. Kichwa chake kilipita mbele kwa zaidi ya shubiri.

"Fupi," alisema akitazama mbingu. "Yeye alikuwa ananifika begani. Wamempimia vizuri. Na mama yangu amelala na mtoto wa mwenzake."

"Yeye nani, Rula?"

Alijipangusa vumbi akaenda zake.

Kisha akaanza kula kwa mkono wa kushoto. Kijiko kilimponyoka, supu ikamwagikia mezani, naye akaendelea. Siku ya tatu hakikumponyoka tena. Aliandika kwa kushoto, alinyoa kwa kushoto, akijikata. Mwenye duka la vioo alimletea rangi na brashi ili kumchangamsha. Rula akashukuru kwa sauti laini ambayo haikuwa yake na kuzisukuma chini ya benchi. Fundi alimwita kutoka uani, "Rula! Rula!" Alikuwa hatua tano tu, anakunja nguo. Hakugeuka.

Ndipo hofu ilipoota mizizi. Fundi aliihisi akiwa kazini, mguu kwenye pedali: itakuwaje kama mshono ule haukusema uongo? Wanaume wawili, handaki moja, miezi mitatu. Mmoja anamsimulia mwenzake kila kitu, kitanda kimekaa upande gani, mkewe anaitwa nani kwa utani, mama anapenda chai ya namna gani. Mmoja anakufa. Mwingine, aliyefanana naye kwa macho, anabeba masimulizi na kuja nayo mlangoni. Je, mtu aliyekuwa akilala pembeni yake na binti yake ni nani?

Asubuhi moja, binti akiwa shuleni, alichukua tepu.

"Simama wima. Nataka kukushonea shati."

Alisimama. Fundi alifungua kitabu cha vipimo, cha mwaka ule alipomshonea suti ya harusi. Kifua, pungufu inchi tatu. Mabega, pungufu mbili. Shingo, pungufu moja. Akaweka ncha ya tepu kwenye mfupa wa bega, akaishusha mpaka kifundo cha mkono: ishirini na tano na robo. Kitabuni: ishirini na tano na robo. Akarudia. Akapima na mkono wa pili, ambao siku zote ulimpa taabu kwa kuwa mfupi kwa nusu inchi. Ulikuwa mfupi kwa nusu inchi.

Nyama hukonda. Mfupa wa mtu mzima haukondi. Fundi alikaa sakafuni katikati ya vipande vya vitambaa akalia kwa sauti, na mume wake akakaa pembeni yake. Hakuuliza analia nini. Akaanza kusema.

"Tulimwita Shoto. Fulana yake ilikuwa imeoza kwa mvua. Alitetemeka mpaka bunduki ikawa inagonga mawe. Nikamvisha yangu. Akapapasa kwapani, akasema, mkeo anajua kazi. Nikamwambia, tukirudi atakushonea ya kwako." Aliokota kipande cha kitambaa sakafuni. "Alfajiri wakatupiga. Mimi nikatekwa."

"Kwa nini hukusema ofisini?"

"Ana mama tu duniani, na mama hana mwingine. Bado anamngoja, Fundi. Nikilitaja jina lile, nimemwua tena."

"Na usipolitaja?"

"Basi bado yupo. Nimembeba."

"Umembeba!" Fundi alimshika mashavu. "Anakula kwa mkono wako, anacheka kwa pua yako. Mimi nimebakiwa na nini? Na yule mtoto?"

Rula alimtazama kama mtu anayeulizwa swali kwa lugha aliyoisoma zamani shuleni.

Kesho yake Fundi alikwenda peke yake kwa karani. "Nilikosea," alisema. "Nilitambua mshono. Sikumtambua mtu." Akataja kikosi, akataja Shoto, akataja mkono wake wa kushoto, jeshi lingepata jina lenyewe. Akatia sahihi ya pili. Karani akasema barua itamfikia mama wa marehemu ndani ya wiki mbili.

Alipomweleza Rula, alitegemea hasira. Hakukasirika. "Basi acha nitangulie," alisema. "Asipate habari ya mwanawe kwenye bahasha."

Fundi alimaliza lile shati, akalipiga pasi, naye akalivaa. "Siku nne," alisema kituoni. Zikapita siku kumi. Ya kumi na moja Fundi alimwachia mke wa mwenye duka la vioo binti yake, akapanda basi kwenda kwa mama yake Shoto, kama Rula alivyomwelekeza.

Alimkuta kwenye baraza ya nyumba ndogo ya bati. Ameketi kwenye mkeka, mkono wa kushoto mapajani kwa mwanamke mzee, mwalimu mstaafu, aliyekuwa akimkata kucha. Rula alimwona mkewe, akatabasamu kwa adabu kama mtu anavyomtabasamia mgeni. Mwalimu alisimama, akamshika Fundi mkono, akamwingiza jikoni.

"Wewe ndiye uliyeshona," alisema. "Alinieleza yote siku ya kwanza, kabla hajavua viatu. Nilianguka, akaniinua."

"Kwa hiyo unajua."

"Mwanangu alikuwa mfupi, na alikuwa na pengo hapa. Mimi si kipofu, mama." Alifunika sufuria ambayo ilikuwa imekwisha funikwa. "Asubuhi ya pili nikaita jina, kwa mazoea tu. Hata kabla ya kupiga mswaki mimi huita. Na huyu akaitika. Unajua ni muda gani sijaitikiwa?"

"Ni mume wangu."

"Najua. Simzuii. Mlango ule, mwite mwende."

Fundi alitoka barazani. "Rula," alisema. Mtu aliyekuwa kwenye mkeka alikuwa akichunguza kucha zake. "Rula, twende nyumbani. Mtoto anakuuliza." Akalirudia jina mpaka sauti ikakwaruza. Majirani wakaanza kuchungulia.

Nyuma yake, mlangoni, mwanamke mzee aliita jina jingine, taratibu, kama mtu anayejaribu maji kwa kidole.

"Naam, mama," alisema Rula, na kusimama.

Mwalimu akaziba mdomo kwa khanga. "Sikutaka aitike," alilia. "Wallahi nilitaka asiitike."

Fundi alikaa pale siku tatu. Alimwogesha, alimsimulia habari za ngazi na za vibao, alimwonyesha picha ya mama yake. Rula alisikiliza kwa makini, akampa pole kwa msiba. Siku ya nne Fundi aliondoka peke yake.

Kaburi lilifunguliwa mwezi uliofuata, na Shoto akapelekwa kuzikwa kwao. Waliohudhuria wanasema Rula alishika koleo muda mrefu kuliko wote, na hakuna aliyethubutu kumnyang'anya. Wengi walitumaini kwamba akiona jeneza likishuka atazinduka. Alirudi nyumbani na mwalimu, akamwandalia chai.

Kitambulisho chake kilitoka, kimeandikwa jina lake halali, na hakina kosa hata moja. Fundi anacho. Shule zikifungwa humpeleka binti yao kumwamkia, na mtoto humwita baba; hiyo anaiitika, kwa namna ya mtu asiyetaka kumvunja mtoto moyo. Mwalimu sasa haoni vizuri, na Rula ndiye anayempeleka kliniki. Wanaishi nyumba ya tatu kutoka kituo cha basi, Rula katika chumba cha mbele.