Jani Chini ya Jina

Mzee anayechonga majina ya washindi kwenye Bakuli la Nyakati, tuzo ambayo waganga wa wakati wa Velmora huiota tangu utotoni, hajawahi kukubali kurudishiwa hata dakika moja. Kila mwaka huja na patasi yake ileile. Hulamba kidole gumba, hulipapasa bakuli kama anayepima homa ya mtoto, kisha huanza kugonga taratibu huku akihema kwa pua. Mwaka huu mshindi alikuwa Bi Oshrael, aliyeurudisha mji mzima nyuma siku moja, watu wakapata kuyakimbia mafuriko. Ukumbi ulikuwa umejaa patasi ilipoteleza, ikaacha mkwaruzo mrefu chini ya jina lake.

"Mzee, chai ya leo uliitia nini?" mtu akachokoza, watu wakacheka.

Bi Oshrael akainua kidole. "Usijali, babu. Nakurudisha nyuma kidogo tu, hakuna atakayekumbuka."

"Shusha kidole, mwanangu," akasema mzee bila kuinua macho. "Mkono wangu ndio uliokosea, na mkono wangu ndio utakaotengeneza."

Akaufuata ule mkwaruzo pole pole mpaka ukawa kikonyo, akauchongea jani moja nchani, akapuliza unga wa fedha. Ndipo nikalitazama upya bakuli hilo, ambalo tangu nipate akili nalisifia majani yake. Yako thelathini na moja, na yote kayachonga yeye.