Eda ya Gerezani

Nilifungwa miezi mitatu, katika miaka ya hamsini, kwa kumpasua mke mwenzangu kichwa kwa mchi. Hakimu aliniuliza kama najuta. Nikamwambia bado nafikiri.

Upande wa wanawake tulikuwa sita, kazi yetu kusuka ukili na kushona majamvi. Jirani yangu alikuwa mwanamke mpole wa Kizimkazi, aliyekamatwa na karafuu za shamba la watu. Mumewe alikuwa hawezi, naye alitaka kumnunulia dawa. Asubuhi moja bibi askari aliyetulinda akaja kumwambia kuwa mumewe amekufa na keshazikwa.

Hakupiga kelele. Aliomba shuka nyeupe tu, akae eda: miezi minne na siku kumi asionane na mwanamume wa kando. Basi kila wafungwa wanaume walipoleta ndoo za chakula, tulisimamisha majamvi yetu tukamzingira mpaka watoke. Bibi askari alijitia haoni. Mimi, mgomvi wa mtaa mzima, ndiye niliyeshika jamvi la mbele, na kazi ile niliipenda.

Mwezi wa pili wa eda haujatimia, kifungo chake kikaisha. Mashemeji zake walikuwa wameshaleta habari kuwa nyumba ya marehemu wameifunga, hawamtaki mwizi. Akamshika bibi askari mkono.

"Niache papa hapa, bibi. Eda yangu haijesha."

"Serikali haijui eda, mwanangu. Kifungo chako kishakwisha."

Sisi tulikuwa tukililia kutoka, yeye analia kwa kutolewa. Uchungu ukanishika, nikamwambia aende nyumbani kwangu, mtaa wa Ng'ambo. Alipokwisha kutoka ndipo nilipokumbuka kuwa nyumba ile ina mume wangu ndani, na mfungua mlango ni yule yule niliyempasua. Wiki tatu nzima zilizonibakia nikawa nahesabu siku.

Siku yangu ya kutoka nilikwenda mbio. Mume wangu nilimkuta barazani na mkeka wake na buli lake la chai, kafukuzwa kwake mwenyewe. Nikapiga hodi. Mke mwenzangu akafungua mlango nusu, kovu liko wazi juu ya jicho.

"Ingia. Sema taratibu, mna mtu wa eda ndani."

Nikaanza kumwomba radhi pale pale kizingitini, machozi yananitoka.

"Radhi baadaye," akasema. "Uji wake unapoa."