Mbuzi wa Getini

Yule mbuzi nilimwona akifa kwa macho yangu. Jumatatu nikamkuta getini, anatafuna majani.

Mweusi tii, mguu mmoja wa nyuma mweupe kama kavaa soksi. Yuleyule!

Nikaweka chini mkate wa asubuhi, nikamzunguka kumkagua.

Mimi ni mtu wa njia. Mwaka huo maisha yalinitupa Ghana, nje kidogo ya Tema, kwenye kiwanda cha kuyeyusha betri chakavu za magari. Tunazipasua kwa panga, tindikali tunaimwaga chini, madini ya risasi yanaingia kwenye tanuri. Moshi wake unakuachia utamu wa ajabu kwenye ulimi.

Mbuzi tulimwita Meneja.

Ijumaa ile alizunguka palepale, mduara juu ya mduara, macho wazi lakini haoni. Kisha akaegemeza kipaji cha uso ukutani, akawa anausukuma ukuta kama anataka kuingia ndani yake. Akaanguka hivyohivyo.

"Ayikwei," nikamwambia mwenzangu wa tanuri, "si alikufa huyu?"

"Mzee, usiulize. Mimi nimeshamwona akifufuka mara nne."

"Acha masihara."

"Mke wangu hapiti tena getini. Anasema huyo si mbuzi."

Mkewe, Korkor, aliuza kenkey, ugali wao wa mahindi yaliyochachushwa, na samaki nyuma ya ukuta wetu, na binti yao Ayeley pembeni yake. Mtoto anakaribia miaka miwili. Alishaanza kutembea, ananiita babu. Siku zile alikuwa anakaa tu, anachora vumbi kwa kidole.

"Kila siku anasahau kitu," Korkor aliniambia. "Jana kasahau jina langu. Zahanati wanasema minyoo. Babu, nimempa dawa mpaka minyoo yenyewe imehama!"

Alicheka. Macho hayakucheka.

Jumapili moja nilikwenda mnada wa mifugo Ashaiman. Nani namwona? Lamptey, msimamizi wetu. Kainama, anakagua miguu ya mbuzi. Ya nyuma tu.

"Weusi ninao tele," muuzaji analalamika. "Wenye soksi ndio sina. Bosi, unanunua mbuzi au unaoa?"

Kumbe Meneja hafufuki, ananunuliwa.

Watu wa mazingira wa serikali walikuwa wanapeleka taarifa kabla ya kuja. Lamptey anazima tanuri, anamwaga udongo mpya uwanja mzima, halafu anawaonyesha Meneja. "Yupo hapa tangu tufungue. Pangekuwa na sumu, angekuwa hai?"

Leseni inaongezwa.

Nilipomsimulia Ayikwei, hakuniangalia. Aliangalia ukuta. Ng'ambo yake tulimsikia Korkor akimbembeleza mtoto.

"Mkaguzi akija, namwambia," akasema. "Wanifukuze tu."

Mkaguzi akaja. Mama mmoja mpole, Madam Araba. Akamshika mbuzi sikio, akamfungua mdomo, akatabasamu.

"Mbuzi wenu mzuri."

Kule mgeni mkubwa akisifu kitu chako, humwachi aondoke mikono mitupu. Lamptey akapaza sauti: "Mfungeni miguu! Madam, Krismasi hiyo!"

Safari hiyo Lamptey hakuwa amembadilisha. Mbuzi alikuwa bado amenona, ya nini kuhangaika mnadani?

Madam akashukuru. Mbuzi akapakiwa kwenye gari.

Ayikwei alikuwa ameshafungua mdomo. Akaufunga.

"Amekula," akaninong'oneza. "Nimwambie nini mtu aliyekwisha kula?"

Gari lilipopita, Korkor akapiga kelele: "Ushibe, mama! Ushibe na wanao!"

Wiki iliyofuata gari lilirudi, polisi nyuma yake.

Lamptey akatoka mbio, meno yote nje. "Madam! Nyama ilikuwaje?"

"Sikuila. Nilimpima damu."

Meno ya Lamptey yakarudi ndani.

"Udongo wako kila nikija ni mpya," Madam akasema. "Damu ya mbuzi ulisahau kuibadilisha. Imejaa risasi."

Tanuri likapigwa lakiri, leseni ikafutwa. Muuguzi akatupanga foleni atutoe damu. Korkor alitangulia na mtoto mgongoni, anamwomba Madam radhi kwa niaba ya mdomo wake. Ayikwei akambeba Ayeley begani, anacheza naye. Tuliona tumepona.

Majibu Madam alileta mwenyewe. Alikaa kwenye benchi la kenkey, akakataa chakula, akakataa maji.

"Mtoto," akasema. "Risasi iliyo kwenye damu yake ni nyingi kuliko ya mbuzi."

"Kuliko mbuzi?" Ayikwei akauliza.

"Kuliko mbuzi."

Korkor hakulia. Alianza kumpangusa mtoto vumbi la mikononi kwa kanga yake. Akapangusa, akapangusa, mpaka ngozi ikawa nyekundu, na hakuna aliyethubutu kumzuia.

Dawa walimpa. Anaishi. Jina la mama yake halijarudi.

Ukikuta kiwanda kimefunga mnyama getini ili uone ni salama, usitazame unene wake. Uliza amekaa hapo tangu lini.

Na kama una mtoto ng'ambo ya ukuta, usisubiri jibu. Mbebe, hama.