Machubwichubwi ya Kindi

Nianze na ujinga wangu kabla hamjausikia kwa wengine: nilimtoa mnyama mzima wa afya Nizwa, huku Omani, nikampeleka mpaka Ibra akachomwe chuma cha moto mashavuni. Mimi, ambaye hata kwenda sokoni naona safari.

Mnyama mwenyewe ni kindi, lakini si kama wale wa Unguja wa kurukaruka mitini. Huyu hupenda chini, hufukua, mwili wake unaenea kiganjani, na mgongoni ana milia mitano myeusi. Mpwa wangu Zuwena alimnunua Uingereza alikokuwa akisoma, akarudi naye miaka ile ya themanini. Alipokwenda Maskati kutafuta kazi akaniachia.

"Mjomba, nimemlea mwenyewe tangu mdogo. Sina mwengine."

Asubuhi moja, Nizwa, nikamkuta mashavu yamevimba pande zote mbili, uso mpana kuliko kiuno. Machubwichubwi! Nikamwita jirani yangu, Bi Shekha, aje atizame.

"Mie sijui mapanya," akasema, akarudi jikoni kwake.

Basi nikamkumbuka Bi Rayya wa Ibra, anayechoma watoto na mbuzi wakapona. Nikamtia kindi ndani ya boksi lenye matundu, tukapanda pikapu.

Izki nilisimama kutia petroli. Boksini sauti: chwi! chwi! chwi!

"Ndege huyo?" kijana wa petroli akauliza.

"Kindi. Mgonjwa mahututi."

"Wallahi, mimi nikiumwa sipigi kelele hivyo."

Nikamlipa, nikatia gari moto. Baada ya Sinaw nikachungulia: mahututi wangu amekaa kitako, anajiosha uso kwa mikono miwili kama anayekwenda harusini. Mwenye akili angegeuza gari. Mimi nikaongeza mwendo.

Ibra tulifika alasiri. Bi Rayya ni mzaliwa wa Tabora, mwanamke wa sauti kubwa na mikono mikubwa.

"Shikamoo, Bi Rayya."

"Marahaba. Kahawa kwanza, bwana, ugonjwa haukimbii."

Tukanywa, tukala tende, nikatikisa kikombe kuonesha nimetosheka. Ndipo akatia chuma kwenye makaa.

"Mshike kichwa. Akifurukuta namtoboa jicho."

Chuma kikawa chekundu. Nikamwona Zuwena mbele ya macho yangu, nikalegeza mkono. Kindi akaning'ata kidole, akachomoka, akapotelea kwenye mablanketi yaliyokunjwa pembeni.

"Funga mlango!" akapiga kelele Bi Rayya.

Tukainua blanketi polepole. Kindi alikuwa amekaa kwenye mkunjo, anajisukuma mashavu kwa mikono kutoka nje, na kila akisukuma kinatoka kitu mdomoni: lozi, zabibu, mbegu za tikiti, lozi tena. Alipomaliza uso wake ukawa mwembamba kama siku aliyokuja. Akafukia mali yake kwenye mkunjo ule, akaja mbio kwenye sinia la tende kujaza tena.

Bi Rayya alicheka mpaka akakaa chini. "Machubwichubwi ya lozi! Na huko kwako huweka wapi akiba yake?"

"Hulundika pembeni ya kizimba, juu ya pamba anayolalia. Kila alfajiri nafagia uchafu wote."

"Uchafu? Basi ataweka wapi, bwana? Mimi nilipotoka Tabora dhahabu yangu niliivaa yote mwilini, na joto lile, kwa sababu sikuwa na nyumba ya kuiweka."

Akakizamisha chuma majini, kikalia tsss. Nikashusha pumzi.

Nizwa tulirudi kesho yake. Nikamtilia pamba mpya na fagio nikaliweka mbali. Haukupita muda pembe ya kizimba ikajaa lozi, na mashavu yakawa yanavimba na kunywea mara kadha kwa siku. Nikajifunza kuwa mashavu yale ni makapu yake. Kwao kuna theluji, huweka akiba ya baridi, na mwili wake haujapata habari kuwa amehamia Nizwa. Nikajifunza pia kuwa hulala usiku kama sisi, na akila hataki kutizamwa.

Zuwena aliporudi, alimkumbatia kindi kwanza, kisha mimi, kisha akaiona bendeji ya kidole changu. Sikuwa na budi ila kusimulia, na mtoto wa watu hakujua acheke au alie.

Bi Shekha, aliyekuwa mlangoni tangu tulipofika Izki kwenye hadithi, akamwambia: "Zuwena mwanangu, siku nyengine ukisafiri, mwambie kindi ndo amtizame mjomba wako."